Mrusi Aliyechora Mwendo wa Babu

Harufu iliyotoka dirishani kwa Mrusi ilikuwa ya risasi ya kuchomelea nyaya. Mumias nzima ilinukia miwa inayochemshwa, harufu nzito na tamu iliyokaa kwenye nguo hata zikifuliwa, na sisi tuliozaliwa humo hatukuisikia tena. Ndiyo maana ile nyingine tuliisikia upesi. Iliingia uani kwetu kila alasiri, kali, yenye moshi mwembamba, imechanganyika na siki ya matango ambayo Mrusi aliyaloweka kwenye mitungi ya kioo. Kukhu, yaani nyanya yangu aliyenilea, aliinua pua, akaacha kuchambua mboga na kusema, "Ameanza." Hakusema ameanza nini. Katika nyumba yetu maneno mengi yaliishia njiani hivyo, na msikilizaji aliachiwa ajaze mabaya kadiri ya uwezo wake. Mimi nilikuwa na miaka kumi na uwezo wangu ulikuwa mkubwa.

Mrusi huyo aliitwa Zoya, mke wa Injinia Makokha wa kiwanda cha sukari. Injinia alipelekwa Urusi kusomea mitambo akiwa kijana mwembamba, akarudi mwanzoni mwa miaka ya tisini akiwa na shahada, kitambi, na mke mrefu mweupe aliyekwenda sokoni na begi la mgongoni kama mwanajeshi. Walipanga nyumba ya mawe iliyopakana na boma letu, ua wa miti ukiwa katikati. Wao walikuwa na umeme, sisi tulikuwa na taa ya chemli. Hawakuwa na mtoto, jambo ambalo peke yake lilitosha kuwapa majirani kazi ya mwaka mzima, na tena mwanamke mwenyewe hakuwa na shughuli iliyoonekana kwa macho. Mchana kutwa alikaa mbele ya kitu kama televisheni isiyo na mtangazaji. Fundi aliyekwenda kuwatengenezea bomba alirudi akisema kitu kile kilikuwa kinajiandika chenyewe. Wako waliosema ni jasusi aliyesahauliwa na serikali yake, wako waliosema anahesabu watu wanaoingia msikitini, na muuza mboga mmoja aliapa kwamba amemsikia akiongea na mashine na mashine ikamjibu kwa mluzi. Mimi niliyaamini yote kwa pamoja, wala hayakugombana kichwani mwangu.

Lakini kilichomnyima Kukhu usingizi ni daftari. Kila siku, adhana ya alasiri ikishamalizika, Babu alipita mbele ya dirisha la Zoya akienda msikitini. Zamani, kabla sijazaliwa, shehena ya miwa ilimporomokea mguu wa kushoto, mfupa ukaunga vibaya. Basi mwendo wake ulikuwa wa peke yake: alisimama kidogo, akaurusha ule mguu nje kwa nusu duara, akagonga fimbo chini, ndipo akaendelea, na nyuma yake mavumbini ukabaki mstari uliopinda. Zoya alisogea dirishani muda uleule, akashusha macho kwenye miguu ya Babu wala si kwenye uso, akaandika. Sasa, huku kwetu mtu anayechota udongo wa unyayo wako hana nia njema. Maalim alitukataza kuamini mambo hayo, na Kukhu alimfuata maalim kwa kila jambo isipokuwa hilo moja. Kila asubuhi aliufagia mstari wa Babu kutoka mlangoni mpaka barabarani, akisema astaghfirullah huku ufagio unakwenda. Unyayo ulioandikwa daftarini angeufagiaje?

"Anaandikanga miguu ya mzee," aliniambia siku moja, akinifunga mtandio vizuri kana kwamba naenda madrasa. "Wewe ni mtoto, mtoto hafungiwi mlango. Nenda ucheze. Chenye utapewa ukule, bora isikuwe nguruwe. Halafu ukuje uniambie kila kitu."

Nikawa jasusi wa kumpeleleza jasusi. Zoya alinifungulia mlango bila kuniuliza nimetumwa na nani, na hilo lilinitia shaka mara moja, maana kwetu mgeni aliulizwa mpaka jina la mjomba wake. Kiswahili chake alikuwa amekiokota kwa mumewe na kwa wauza mboga. "Kuja," alisema. "Keti. Gusa hii." Kompyuta yake haikuwa na kifuniko, matumbo yote yalikuwa nje, na feni ndogo ilizunguka ndani ikipuliza vumbi la moto. Kwenye skrini kulikuwa na shamba la miwa lililotengenezwa kwa vipande vidogo vya mraba, kijani juu ya kijani, na humo ndani lilisimama yai lenye miguu miwili. Alichukua kidole changu akakiweka kwenye kitufe. Nilibonyeza, yai likatembea. Niliruka nyuma kwa hofu, kisha nikarudi nikabonyeza tena, nami siwezi kueleza vizuri zaidi ya hapo jinsi nilivyonaswa.

Niliyoyapata kuhusu maisha yake niliyapata kidogo kidogo, alasiri moja hadi nyingine, na kila nilichokipata nilikipeleka kwa Kukhu kikiwa bado cha moto. Zoya alikulia katika mji wa theluji, binti wa fundi saa. Aliajiriwa katika taasisi iliyokuwa na kompyuta kubwa kama kabati za nguo, kazi yake kupiga hesabu za madaraja. Wenzake wakishaondoka alibaki akatengeneza mchezo wa nungunungu mdogo anayekusanya uyoga. Wenzake wakaugundua, hesabu za madaraja zikasimama wiki nzima, mkubwa wao akamkaripia mbele ya watu kisha akamwomba nakala kwa siri. Nchi yao ilipovunjika taasisi ikafungwa. Zoya akaendelea nyumbani, peke yake, yeye mwenyewe ndiye mchoraji, mpiga hesabu na mtunga muziki. Michezo yake ilinakiliwa kwenye kanda na kupita mkono kwa mkono, hata watu wa miji ya mbali wakawa wanamchezesha nungunungu wake bila kujua ametoka kichwani mwa nani. Sasa alikuwa na mwaka wa tatu akilitengeneza shamba lile la miwa, na rafiki yake wa Moscow alikuwa ameahidi kuliuza dukani ndani ya sanduku. "Jina langu juu ya sanduku," aliniambia, akaandika hewani kwa kidole, herufi moja moja. Hiyo ndiyo siku pekee niliyomwona akitabasamu hadi meno.

"Anatengeneza mchezo," nilimwambia Kukhu.

"Mtu mzima?"

"Ndiyo."

"Peke yake, siku mzima, na mume yuko?"

"Ndiyo."

"Anakudanganya," alisema Kukhu, na mimi nilikubaliana naye kabisa.

Halafu siku moja Zoya akanionyesha daftari. Ndani hamkuwa na majina ya watu wala hesabu za msikitini. Kulikuwa na miguu ya Babu, kurasa kwa kurasa, michoro minane kwa hatua moja: anasimama, anaurusha, anazungusha, anagonga fimbo. "Watu wengine tembea kama mashine," Zoya alisema. "Mzee huyu hapana." Alibonyeza kitu, lile yai likatoweka, na mahali pake akasimama mzee mdogo mwenye kofia nyeupe na fimbo. Nilipobonyeza kitufe alisimama kidogo, akaurusha mguu wa kushoto nje kwa nusu duara, akagonga, akaendelea. Alikuwa Babu. Hakuwa na pua wala macho, uso ulikuwa vipande vinne vya rangi ya kahawia, lakini ningemjua hata katikati ya umati wa siku ya Idi. Nilicheka mpaka nikalia. Kisha nikaogopa, kwa sababu Babu hakupenda picha maishani mwake. Aliamini kwamba sura ya kiumbe ni jambo la mtu kuja kuulizwa Siku ya Kiama, na nyumbani kwetu hapakuwa na picha yake hata moja ila ile ndogo iliyokuwa kwenye kipande chake cha serikali, yaani kitambulisho, ambayo aliitunza kifudifudi.

Nilijua ni habari gani ya kupeleka nyumbani jioni ile, nami sikuipeleka. Nilimwambia Kukhu tulikula mkate na matango. Sababu yangu haikuwa nzuri hata kidogo: angejua, angenikataza, na mimi nilishakuwa mtumwa wa kile kitufe. Katika mchezo ule mzee alimtafuta ng'ombe wake aliyepotelea miwani. Humo mlikuwa na nguruwe mwitu, mashimo na moto. Akiguswa alianguka, akajizoazoa akasimama. Aliruhusiwa kuanguka mara tatu. Mara ya tatu hakuinuka, skrini ikawa nyeusi na likatokea neno moja la Kirusi, ambalo sikulielewa ila kwa maana yake. Kisha ulibonyeza, na Babu akaanza upya mwanzoni mwa shamba kana kwamba hapakutokea kitu.

Mwezi wa pili tangu hapo Babu alishikwa na homa ya kifua akalala wiki nzima. Nyumbani palijaa mashangazi na uji, hakuna aliyenitazama, basi nikatorokea kwa Zoya. Ilikuwa Alhamisi. Nilicheza vibaya sana kwa sababu sikuwa na subira. Nilimwingiza kwenye shimo, akainuka. Nilimgongesha kwa nguruwe, akainuka. Nikampitisha katikati ya moto nikijua kabisa hapapitiki, ili niimalize raundi ile nianze nyingine. Skrini ikawa nyeusi. Na kabla sijabonyeza tena nilisikia kilio upande wa pili wa ua, kwanza sauti ya Kukhu peke yake, kisha za wengine wote.

Babu alizikwa kesho yake baada ya sala ya Ijumaa. Naibu wa chifu alipokuja kuandikisha kifo alikichukua kile kipande, kama sheria inavyotaka, na picha ya pekee ya Babu ikaondoka ndani ya bahasha ya kaki. Hakuna aliyelitazama hilo kama jambo. Kukhu alivaa nguo nyeupe akakaa eda, miezi minne na siku kumi bila kutoka nje ya boma. Nilijua kitu ambacho hakuna mtu mwingine duniani alikijua, kwamba Babu hakuuawa na kifua, niliyemuua ni mimi, kwa kidole hiki cha kulia. Sikurudi kwa Zoya. Nilikataa hata kupita upande ule, na Kukhu, ambaye hata katika huzuni jicho lake halikulala, aliliona hilo.

"Mbona haukuendanga tena kwa Mrusi?" aliniuliza katika wiki ya nne.

"Babu yuko kule," nilisema.

Nikamweleza yote: kofia, fimbo, mguu, shamba. Nikamweleza anavyoanguka na kuinuka, na jinsi safari ya tatu hainuki. Kukhu alinisikiliza bila kupepesa. Uso wake ulikuwa umekauka. "Nani anamuangusha?" aliuliza. Nilikuwa na jibu mdomoni na lilikuwa jina langu. Nikasema, "Mrusi."

Hadi leo nikilikumbuka neno hilo naona aibu. Kufikia alasiri ya siku hiyo baba mdogo, Hamisi, alishafika kwa Injinia na vijana nyuma yake, na dirisha moja lilishapasuliwa kwa jiwe. Wengine walitaka mashine ichomwe, wengine walitaka na nyumba. Maalim ndiye aliyewazuia, akisema kwanza mke wa mzee aseme anataka nini. Kukhu alitaka kuona kwa macho yake, ila eda ilimfunga, hawezi kuvuka ua. Hamisi alijitolea aende yeye akaone badala yake. Kukhu alimtazama mwanawe wa kumzaa akamwambia, "Nitaaminije macho yako?" Ndivyo tulivyo katika ukoo wetu.

Basi Zoya akaileta. Asubuhi ya pili alipitisha waya mrefu juu ya ua wa miti, akaubeba yeye mwenyewe mpaka dirishani kwa Kukhu, kisha akarudi mara mbili kubeba mashine na ile skrini nzito, wanaume wote wakimtazama na hakuna aliyempokea. Wanaume walibaki barazani, chumbani tukaingia wanawake. "Salamu aleku," alisema, akikosea. "Waaleikum salaam," Kukhu alijibu, kwa sababu salamu ni salamu. Kwanza alikwenda kuchungulia nyuma ya skrini. Akagonga ubavuni kwa kidole. Kisha akaketi, Zoya akabonyeza, na Babu akatembea kwenye miwa mbele ya mke wake.

Alikwenda mpaka mwisho wa shamba, akageuka, akarudi, mguu ukirushwa, fimbo ikigonga. Nilimwona Kukhu akiukunja mkono wake wa kulia kana kwamba ameshika ufagio. Mwishowe aliuliza, akiwa bado anatazama skrini, "Wewe ndiyo unamuangushanga?"

Zoya aliinua macho akanitazama. Alinitazama muda wa kutosha nikajua kwamba anajua yote, siku ile, saa ile, kilio kile, na nani alikuwa kwenye kitufe. Kisha akamgeukia Kukhu. "Ndiyo," alisema. "Mimi." Hakupepesa macho wala sauti haikutikisika.

"Mtoe," Kukhu alisema.

Zoya alimweleza kwa Kiswahili chake kilichovunjika kwamba mzee huyu ndiye mchezo wenyewe, miaka mitatu, rafiki anangoja, akimtoa hana cha kupeleka. Akasema anaweza kuuondoa moto, anaweza kuwaondoa nguruwe, mzee atembee tu asianguke kamwe. Nilidhani Kukhu angelainika. Aliwaza kweli, nikaona akiwaza. Kisha akasema tena, polepole, "Mtoe apumzike." Zoya akabonyeza vitufe vingi. Babu akatoweka, miwa ikabaki. Kukhu akauliza kama hakuna mwingine mahali pengine, na Zoya akatoa diski mbili mfukoni, akasema, "Hizi tu," akazikata kwa mkasi wa Kukhu wa kushonea. Daftari alilitia mwenyewe kwenye jiko la makaa, ukurasa kwa ukurasa, na ile miguu ikajikunja na kuwa majivu. Alipokuwa anakusanya waya wake, Kukhu alisema kwa sauti ya chini, akiongea na ukuta, "Alikuwa anatembea hivyo hivyo."

Mwaka uliofuata Injinia alipata kazi Nairobi wakahama. Sanduku halikutoka. Kukhu alifariki nikiwa kidato cha tatu, akiamini mpaka mwisho kwamba Mrusi ndiye aliyemwangusha mumewe, na mimi sikuwahi kumsahihisha. Habari zilizobaki nimezitafuta mwenyewe ukubwani, usiku na mchana, kwa ile hulka ya kwetu ya kutoacha kuchimba. Zoya alirudi kwao. Ametengeneza michezo saba, yote peke yake, na wako watu wachache huko duniani wapendao michezo ya zamani wanaolitaja jina lake kwa heshima. Shamba la miwa lilitoka hatimaye, miaka mingi baadaye, na anayemtafuta ng'ombe sasa ni ndege, korongo mwenye kishungi kama wale wa mabondeni kwetu. Niliununua mchezo huo. Nilimtembeza korongo yule saa nzima nikitazama miguu yake kwa makini, nikitafuta kusimama kidogo, kurushwa nje, nusu duara. Korongo anatembea vizuri kabisa, miguu yote miwili.

Mwanangu ana miaka kumi sasa na simu yake imejaa watu wanaotembea. Ananipiga video nikipika, nikifua, nikigombana na kuku, na nikifa leo ataweza kuniona nikivuka ua mara elfu. Juzi aliniuliza babu yangu alikuwa anatembeaje. Nilisimama jikoni nikajaribu kumwonyesha. Niliurusha mguu wa kushoto, nikakosea, nikarudia, nikakosea tena. Hamisi ni marehemu, mashangazi nao wanaonyesha kila mmoja kwa namna yake, na hakuna namna iliyo sahihi. Mtu mmoja tu katika dunia hii aliwahi kuuweka mwendo ule jinsi ulivyokuwa, na tulimlazimisha aufute kwa neno langu moja.

Anwani yake ninayo. Barua nimeiandika, inakiri kila kitu, na chini kabisa inauliza kama zile diski zilikuwa mbili tu. Iko tayari mwezi wa pili huu na siipeleki. Mimi, mjukuu wa Kukhu, ambaye sijawahi kuliacha jambo bila kulichunguza, hili naogopa kulichunguza. Mwanamke yule alidanganya mara moja kwa ajili yangu, mbele ya macho makali kuliko yote Mumias, bila kupepesa. Kila siku naomba awe alidanganya mara mbili.